Kansa iliyofika kwenye figo: C64 au C79.0?

SWALI: Habari kaka. Nipo kitengo cha kumbukumbu hospitali ya mkoa. Kuna mama wa miaka 58 anatibiwa kansa ya pafu, juzi kaja anakojoa damu, skani ikaonyesha uvimbe kwenye figo ya kulia na biopsi, kile kipimo cha kinyama, ikasema imetoka pafuni. Niliweka C64, ule msimbo wa ugonjwa wa kwenye fomu, bima wakarudisha klemu, yaani madai ya malipo. Mwenzangu kagugo akasema niweke C79.01, mfumo nao ukaikataa. Niweke ipi?

JIBU: Dada, unaweka mbili. C79.0 kwa kile kilichofika kwenye figo, na C34 kwa pafu kulikotoka, na kama ripoti inasema ilianzia sehemu ya juu ya pafu basi ni C34.1, usikimbilie C34.9 kwa uvivu. C64 futa kabisa. Ipi itangulie anaamua daktari kwa kuangalia mama kalazwa kutibiwa nini hasa, sio wewe wala mhasibu. Ambatanisha ripoti ya patholojia, rudisha klemu.

Sasa ngoja niseme linaloniumiza, maana hili la C64 naletewa kila siku na watu wazima wenye vyeti ukutani. Mtu anaona neno kansa, anaona neno figo, anaunganisha, kansa ya figo! Hapana jamani. C64 ni kansa iliyoanzia kwenye figo. Mchaga akifungua duka Tanga hawi Msambaa, na seli za pafu zikihamia kwenye figo zinabaki seli za pafu, daktari wa patholojia akiziweka kwenye hadubini anaona pafu, na dawa atakayopewa mama ni za kansa ya pafu. Ndo maana bima walikurudishia, dawa za pafu kwa ugonjwa wa figo, hata mimi ningerudisha.

Na madaktari wetu nao hawatusaidii. Anaandika kwa haraka "mets rino", yaani kansa iliyosambaa, figo, halafu huyo kaondoka. Ni sawa na kuambiwa basi la Mwanza, linatoka Mwanza au linaenda Mwanza? Kama imeanzia kwenye figo ikaenda kwenye pafu ni C64 na C78.0, kama imetoka pafuni kuja kwenye figo ni hiyo yako ya C34 na C79.0. Ni magonjwa mawili tofauti kabisa na maandishi ni yale yale. Usibahatishe, beba faili mfuate wodini umuulize, akikasirika akasirike.

Angalia pia skani imesema figo kweli au ile tezi inayokaa juu ya figo, maana kansa ya pafu inaipenda sana ile tezi, na ripoti ikiandika "suprarino", yaani juu ya figo, watu wanasoma "rino" tu wanasonga mbele. Tezi hiyo ni C79.7. Limfoma, kansa ya mfumo wa limfu, ikiingia kwenye figo hupeleki C79 kabisa, inabaki kwenye misimbo yake ya limfoma.

Haya, huyo mwenzako wa Google. C79.01 ipo, ila ni ya Marekani. Wao wana toleo lao la misimbo hii ya ICD-10 walilolianza Oktoba 2015, wamegawa figo ya kulia 01, ya kushoto 02, isiyotajwa 00, hata C64 yao ina nukta ya kutaja upande. Toleo la WHO, Shirika la Afya Duniani, tunalotumia sisi lina C79.0 basi, upande unabaki kwenye maelezo ya daktari. Google anakuletea ya Wamarekani kwanza kwa sababu ndo wamejaa huko, na angalau hiyo mfumo umeikataa, shukuru. Zinazonitisha ni zile zinazopita. C80.0 kwa WHO maana yake chanzo cha kansa hakijulikani na daktari ameandika hivyo. C80.0 ya Marekani maana yake kansa imetapakaa mwilini. Namba ile ile, mfumo unaipokea bila kelele, na hakuna atakayejua.

Halafu zile PDF za WhatsApp, "misimbo 200 muhimu kwa klemu", na vijana wanaouza kozi ya siku tatu ya koding, kuweka misimbo, kwa elfu hamsini. Nimefungua moja, figo ina mstari mmoja tu, C64. Kansa zilizosambaa hazimo! Mwingine anawafundisha watu wachague msimbo ambao bima hawaulizi maswali. Huo ni wizi, na siku ya ukaguzi jina linalosomwa kwenye fomu ni lako, mwalimu wa WhatsApp keshabadilisha laini.

Wanaona ni namba tu za kupatia hela. Namba hizo hizo ndo zinaingia kwenye takwimu za mkoa, mnaishia na kansa za figo ambazo hazipo na za mapafu mnazipunguza. Na mgonjwa akifariki, anayejaza cheti anafungua faili anakuta C64 imeandikwa mara nne anaikopi, watoto wakienda kliniki miaka ijayo wanaulizwa kwenu kuna kansa ya figo, wanajibu ndiyo, mama. Na mama yao aliugua pafu.