Ulinzi unaobana: tuliyoyachukua kwa Virginia ya 2019 na ninavyoyafundisha kwenye uwanja wa zege

Kila mwaka wa masomo unapoanza na wachezaji wapya wa mpira wa kikapu wakaja kujaribiwa, huwauliza swali moja kabla hawajagusa mpira: ukiruhusiwa kumnyima mpinzani kitu kimoja tu, utamnyima nini? Wengi husema watamnyima mpira yule nyota wao. Wengine hutaja mitupo ya pointi tatu, ile ya kutoka mbali, maana ndiyo wanayoitazama kwenye simu usiku kucha. Wachache sana hujibu ninavyotaka: nitamnyima njia ya kufika chini ya kikapu.

Jibu hilo nimelichukua kwa timu ya wanaume ya Chuo Kikuu cha Virginia, Marekani, msimu wa 2018/19. Walicheza michezo 38, wakashinda 35, wakachukua ubingwa wa NCAA, mashindano ya vyuo vikuu vya Marekani, ambao chuo chao hakikuwahi kuupata katika kikapu cha wanaume. Waliruhusu pointi 56 hivi kwa mchezo, kiwango cha chini kuliko timu yoyote ya daraja la kwanza la vyuo msimu ule. Ninafundisha timu ya chuo hapa Tanzania, kwenye uwanja wa wazi wenye zege, na mipira yetu mizuri haizidi vidole vya mkono mmoja. Nimeupima mfumo wao kwa vijana wangu kwa miaka kadhaa sasa. Nataka nikueleze, kocha mwenzangu wa chuo au wa sekondari, kipi kinachukulika na kipi cha kuacha.

Mfumo wenyewe unaitwa Pack Line. Aliyeutunga ni Dick Bennett, kocha wa Chuo Kikuu cha Wisconsin aliyeifikisha timu hiyo nusu fainali za taifa mwaka 2000, na aliyeupeleka Virginia ni mwanawe, Tony Bennett. Chora akilini mstari mwingine ndani ya ule wa pointi tatu, futi 16 hivi kutoka kwenye kikapu. Mlinzi mmoja tu ndiye anayetoka nje ya mstari huo, yule anayemkaba mwenye mpira, naye anambana kwelikweli. Wenzake wanne wanabaki ndani. Hawakimbizani na watu wao kuwanyima pasi kule pembeni. Wanasimama kwenye mianya kati ya mpira na mtu wao, ili anayetaka kupenya akute kifua cha mtu wa pili kabla hajapiga hatua ya pili.

Maana yake ni kwamba pasi za nje unaziachia. Mtupo wa mbali nao unauachia, ilimradi anayetupa awe na mkono usoni. Vijana wengi hapa hugoma. Wanaona kumwachia mtu apokee mpira ni uvivu. Huwa nawaambia kwamba Tony Bennett, alipokuwa mchezaji chini ya baba yake pale chuo cha Green Bay, alifunga asilimia 49.7 ya mitupo yake ya pointi tatu, kiwango ambacho wachezaji wa vyuo wachache mno wamewahi kukikaribia. Mtu aliyeujua mtupo wa mbali kiasi hicho ndiye aliyeamua kwamba, katika vyote ambavyo mpinzani anaweza kupata, huo ndio wa kumwachia. Wakishalisikia hilo, mabishano hupungua.

Sasa tuje uwanjani. Nunua chaki. Kabla ya mazoezi ya wiki za mwanzo, chora huo mstari kwenye zege, nusu duara nzima. Usiwaambie wachezaji waufikirie, wauone. Hatua zao huwa zinaondoka zenyewe kumfuata mtu, na chaki ndiyo inayowaonyesha kwamba wametoka. Mvua ikiifuta, ichore tena. Baada ya wiki kadhaa acha kuichora, utaona miguu yao imeshaukumbuka.

Kisha weka wanne kwa wanne, nusu uwanja, mpira mmoja. Washambuliaji mwanzoni wasipenye wala wasitupe, wazungushe pasi tu. Kazi ya walinzi ni kuhama wote wanne mpira ungali hewani. Hapa ndipo penye ulinzi wote, kwa hiyo usiwe na haraka. Mlinzi anayesubiri mpira udakwe ndipo ahame amekwisha chelewa, na kuchelewa kwake kutamlazimisha mwenzake kusaidia, mwenzake naye ataacha mtu wazi. Mimi husimama katikati na kusimamisha zoezi kila nikiona mguu mmoja umeganda. Inachosha, na wachezaji hununa. Vumilia. Uzuri wake ni kwamba vijana wanane wanafanya kazi ngumu kwa mpira mmoja, na kwa sisi tusio na mipira ya kutosha hiyo ni neema. Mazoezi ya kutupa yanataka mipira na vikapu. Ulinzi unataka watu na jasho.

Wakishazoea kuhama, ruhusu kupenya. Hapo fundisha kurudi kwa mtu: umeingia ndani kusaidia, mpira umetolewa nje, unamkimbilia mtupaji. Hatua ndefu mwanzoni, hatua fupifupi ukimkaribia, mkono mmoja juu, nyonga chini. Usiruke. Narudia, usiruke. Mlinzi aliyeruka ameshapitwa. Kuzuia mtupo juu hewani kunashangiliwa na jukwaa zima, lakini wachezaji wetu wengi wanaotoka UMISSETA, michezo ya shule za sekondari, wanakuja na tabia hiyo, na mwezi wa kwanza wote naumalizia kuwashusha chini.

Sauti nayo ni ya kufundishwa. Ulinzi wa aina hii hauendi kimya kimya, maana mlinzi wa mpira hana macho kisogoni. Sisi tuna maneno machache tu: "Mpira!" kwa anayemkaba mwenye mpira, "Nipo kushoto!" au "Nipo kulia!" kwa walio kwenye mwanya, na "Kizuizi!" mpinzani anapokuja kumzibia njia mlinzi wetu. Tumia lugha ambayo vijana wako wanaiongea wakiwa na hofu, isiwe ile ya kwenye video. Nimeona timu zinazokariri maneno ya Kiingereza mazoezini, mchezo ukikaza wanakaa kimya wote.

Kitu kingine ambacho Virginia walikifanya bila kuchoka ni kurudi nyuma mapema. Mtupo wao ulipoondoka mkononi, wengi wao walikuwa tayari wanageuka kurudi kulinda, hawakubaki kugombea rebaundi ya kushambulia, yaani mpira unaorudi baada ya mtupo wao kukosa. Ukipoteza rebaundi tatu nne za kushambulia lakini ukafuta vikapu vyepesi vya mbio, umepata faida. Kwa timu za kwetu naliona hili lina uzito kuliko hata ule mstari wenyewe, maana pointi nyingi katika mashindano ya vyuo zinatokana na mpira kupotea na watu wawili kukimbia peke yao. Kama huna muda wa kufundisha mfumo wote, fundisha hilo kwanza.

Usitishwe na urefu wa watu wako. Virginia walikuwa na Kihei Clark, mwaka wa kwanza, kimo chake hakifiki sentimita 180, na ndiye aliyekuwa akimbana mwenye mpira tangu mbali. Walikuwa pia na De'Andre Hunter, mrefu mwenye miguu myepesi, aliyetajwa mlinzi bora wa vyuo mwaka huo. Mfumo uliwabeba wote wawili kwa sababu kila mmoja alipewa kazi ya mwili wake.

Kuna sehemu moja ambayo mimi nimeiacha. Mpinzani alipomzibia njia mlinzi wa mpira, warefu wa Virginia kama Jack Salt wa New Zealand na Mamadi Diakite wa Guinea waliruka nje haraka, wakamsukuma mwenye mpira mbali na kikapu, kisha wakakimbia kurudi kwa watu wao. Inahitaji mtu mrefu mwenye pumzi na wepesi wa kijana mfupi. Senta wangu wengi, wale warefu wa chini ya kikapu, hawana hiyo miguu, na nikiwalazimisha nabaki na mwanya mkubwa katikati. Wangu hubaki nyuma, chini ya mstari, wakamsubiri anayepenya. Tazama watu ulionao ndipo uchague. Hakuna zawadi inayotolewa kwa kuiga hadi mwisho.

Tuseme ukweli kuhusu udhaifu wake. Ukimwachia mtu mtupo wa mbali, siku moja atakuja mwenye mkono wa moto. Februari 2019 timu ya chuo cha Duke walikwenda Charlottesville, nyumbani kwa Virginia, wakafunga mitupo 13 ya pointi tatu kati ya 21, wakashinda 81 kwa 71. Kwenye robo fainali ya NCAA Carsen Edwards wa chuo cha Purdue alifunga pointi 42 peke yake, nyingi kutoka masafa ambayo kocha yeyote angefurahi kumwona mpinzani akitupia. Virginia waliponea pale kwa sekunde: Ty Jerome alikosa mtupo huru, Diakite akaupiga mpira nyuma, Clark akaukimbilia hadi nusu yao, akamrudishia Diakite, naye akaufunga kengele ikilia. Muda wa nyongeza ukamalizika 80 kwa 75. Mtoto wa Conakry ndiye aliyeubeba msimu wote mikononi mwake dakika ile, na ninapowaonyesha vijana wangu video hiyo huwa nawataka watazame pasi ya Clark kwanza.

Kwa hiyo pima ligi yako. NCAA ya mwaka ule mstari wa pointi tatu ulikuwa mita 6.32. Sisi tunacheza sheria za FIBA, mstari uko mita 6.75. Ongeza upepo wa jioni, bodi iliyolegea, na mpira uliokwisha meno. Katika mashindano yetu mengi, timu yenye watupaji wawili wa uhakika kutoka hapo ni timu yenye bahati. Ndiyo maana nasema mfumo huu unatufaa sisi pengine kuliko walivyofaidika wao. Ukikutana na mtupaji wa kweli, mtoe kwenye hesabu: mlinzi wake asiingie ndani ya mstari kabisa, wengine watatu wagawane mianya. Tumefanya hivyo mara nyingi na ulinzi haukubomoka.

Tofauti nyingine ni saa. Wao walikuwa na sekunde 30 za kushambulia, na walicheza polepole kuliko karibu kila timu nchini mwao. Sisi tuna 24, tena kwenye viwanja vingi tunavyokwenda saa ya kushambulia haipo, mwamuzi anakadiria. Usijaribu kuiga mwendo wao wa polepole. Chukua ulinzi, mashambulizi yaache yaende kwa kasi ya vijana wako.

Na hapa niwaombe makocha vijana wasome yaliyotangulia ubingwa ule. Machi 2018 Virginia, waliopangwa nafasi ya kwanza kwa ubora katika kundi lao, walipigwa 74 kwa 54 na chuo cha UMBC waliopangwa nafasi ya 16. Haikuwa imewahi kutokea katika mashindano ya wanaume. Hunter alikuwa nje, kifundo cha mkono kimevunjika, lakini hilo halikuwazuia watu kusema mfumo umekufa: polepole mno, ukitanguliwa huwezi kurudi. Hoja hiyo haikuwa ya kijinga. Mchezo wenye mashambulizi machache humpa mnyonge nafasi. Bennett aliukuza upande wa kushambulia, akawaachia Jerome, Kyle Guy na Hunter uhuru zaidi, na ulinzi akaubakiza ulivyo. Mwaka uliofuata mchezo wao wa kwanza wa mashindano, dhidi ya Gardner-Webb waliopangwa nafasi ya 16 pia, walikwenda mapumziko wametanguliwa 36 kwa 30. Kipindi cha pili wakawaruhusu pointi 20 tu. Wakashinda 71 kwa 56.

Hata fainali yao na Texas Tech, timu nyingine iliyosifika kwa kuzuia, iliisha 85 kwa 77 baada ya muda wa nyongeza, na Hunter alifunga 27. Ulinzi unakufikisha mahali, lakini kuna usiku utakaolazimika kufunga. Kwetu mchezo ule ulianza saa kumi alfajiri, na waliokesha waliona timu mbili za ulinzi zikifunga mpaka dakika ya mwisho. Kwa hiyo usiibe muda wote wa mazoezi kwa ajili ya ulinzi. Mimi hugawa nusu kwa nusu, na wiki ya mashindano ulinzi unapungua, maana miguu iliyochoka haihami mpira ukiwa hewani.

La mwisho ni la benchi. Mpe mchezaji wa akiba daftari na kalamu. Asiandike pointi, mwamuzi wa meza anaziandika. Aandike kila mara mpira wa mpinzani ulipofika chini ya kikapu, kwa pasi au kwa kupenya, na jina la mlinzi aliyeufungulia njia. Wakati wa mapumziko msome daftari kabla hujasema lolote. Wachezaji wangu siku hizi hulikimbilia wenyewe, kila mmoja anatafuta jina lake, na wa akiba waliokuwa wakinuna benchi sasa wanagombea kuishika kalamu.