Kipande cha kwanza cha keki

Mwanangu,

Umeniuliza kama ni utovu wa adabu kuandika kwenye kadi kwamba sherehe ya kuzaliwa ya mjukuu wangu itakwisha saa moja usiku. Andika ukipenda, ila hakuna atakayeitazama. Brazil sherehe haifungwi na saa, hufungwa na keki. Ukiwaita saa kumi jioni, wa mwanzo watabisha hodi saa kumi na nusu, wengine saa kumi na moja. Wewe pitisha coxinha, vile vitafunio vya unga vya kukaanga vilivyojazwa kuku, na mikate ya jibini. Hesabu vitafunio kumi na vitamu vinne kwa kila mgeni. Vile vya kujazwa jibini mwulize muuzaji kwanza, mara nyingi hutiwa na nguruwe. Kwenye saa kumi na mbili na nusu zima taa, Parabéns, wimbo wa kuzaliwa, uimbwe, keki igawiwe. Baada ya hapo watu wenyewe wataanza kutafuta viatu vya watoto wao.

Kabla ya wimbo mtu mzima hagusi brigadeiro, vile vidonge vitamu vya chokoleti, zilizopangwa mezani. Watoto wataiba, jifanye huoni.

Na hizo brigadeiro usinunue. Kopo la maziwa mazito matamu, lile la gramu 395, kijiko kikubwa cha siagi, vitatu vya kakao. Moto mdogo, koroga bila kuacha, mpaka ukiinamisha sufuria donge lote liteleze na chini paonekane. Ukiepua mapema vidonge vitalala bapa. Ukichelewa vitakuwa vigumu vya kung'oa meno. Mimina kwenye sahani iliyopakwa siagi, ipoe kabisa, paka viganja siagi ndipo ufinyange, kisha viringisha kwenye chembe za chokoleti. Kopo moja hutoa kama 25.

Sasa kukata. Mtoto hukata kutoka chini kwenda juu huku akinuia jambo lake, na kipande cha kwanza humpa amtakaye. Ulipotimiza miaka saba kule São Paulo ulinipita mimi, ukampita baba yako, ukampelekea jirani wa ghorofa ya tatu, eti kwa sababu ana paka. Watu wakapiga makofi. Nami nikapiga. Mtoto wa miaka saba, najua. Na desturi yenyewe haina maana kama mtoto atalazimishwa. Lakini nani alisimama jikoni akikoroga? Paka?

Basi mwanao atampa nani, wewe au mama mkwe wako? Mimi simo. Wapo wazazi wanaomnong'oneza mtoto mapema. Sikushauri, wala sikukatazi. Ingawa yule mama ndiye anayekulelea mtoto siku zote za kazi, na wewe… Haya, nimeshasema simo.

Kwenye kadi weka saa ya kuanza tu, keki itafunga. Na ununue karatasi ya alumini ya kutosha, maana mashangazi wa mumeo hawaondoki bila sahani ya kubeba.

Mama yako