Kwani asipokuwa steringi ndo kafeli? Anti anajibu kuhusu Paprika Steen

SWALI: Anti shikamoo. Nimeanza kuangalia muvi za Denmark na kuna mama mmoja nakutana naye kila saa, Paprika Steen, ila mara nyingi ni dada wa mtu au mke wa mtu, steringi anakuwa mwingine. Mbona mwenye kipaji vile hapewi nafasi? Au huko ukianza kama msaidizi ndo basi tena?

JIBU: Marahaba mwanangu. Nafasi amepewa, na nyingine kubwa tu, ntakuja huko, ila kwanza nikubishie hilo la "dada wa mtu", maana ndo hapo watu wengi wanamkosea huyu mama.

Chukua Festen ya 1998, iliyoongozwa na Thomas Vinterberg. Baba anatimiza miaka 60, ukoo mzima umekusanyika, mtoto wa kiume Christian anasimama mezani anasema baba alikuwa anamwingilia yeye na pacha wake Linda, ambaye ameshajiua, na unajua watu wanafanyaje? Wanaendelea kula. Steen ni Helene, dada yao, ndo aliyeiona barua ya Linda akaificha, halafu baadaye inabidi aisome yeye mwenyewe mbele ya wageni wote. Mpaka hapo Christian alikuwa anaonekana mgonjwa wa akili tu, ni sauti ya Helene inayogeuza meza nzima. Sasa niambie hapo msaidizi ni nani! Na Helene huyohuyo kaja na mpenzi wake mweusi, kaka yake mwingine Michael anaanzisha wimbo wa kibaguzi na wageni wanaitikia, we mwangalie uso wake pale, mi sehemu hiyo inaniuma kila nikiiona.

Jambo lingine, Festen ni muvi ya kwanza ya Dogme 95, ule mkataba wa Vinterberg na mwongozaji mwenzie Lars von Trier wa mwaka 1995 kuhusu namna ya kutengeneza muvi: kamera inashikwa mkononi, hakuna taa za ziada, hakuna muziki wa kubandika, unashuti kwenye mazingira halisi. Kwa mwigizaji msaidizi hiyo ni neema, kwa sababu kamera inazunguka popote, inaweza ikakudaka hata wakati mwenzio ndo anaongea, kwa hiyo huwezi kukaa unasubiri zamu yako, lazima uwe unaishi muda wote. Steen yumo kwenye zote tatu za mwanzo, Festen, Idioterne na Mifunes sidste sang, nyingine kipande kifupi tu.

Sasa la kwamba ndo basi tena, hapana. Mwaka 2002 alitoka na muvi mbili. Kwenye Elsker dig for evigt ya Susanne Bier ni Marie, anamgonga kijana na gari, kijana anapooza, halafu mume wake ambaye ni daktari (Mads Mikkelsen) anampenda mchumba wa yule kijana. Mtu anabeba hatia na kuachwa kwa wakati mmoja, na ni msaidizi! Kwenye Okay ndo steringi, mwanamke anayemchukua baba yake mgonjwa nyumbani. Tuzo za Robert za 2003, zile za akademi ya filamu ya Denmark, akabeba zote mbili, mwigizaji bora na msaidizi bora.

Halafu uelewe nchi yenyewe ni ndogo, watu kama milioni 6, waigizaji ni walewale, leo jukwaani, kesho kwenye tivii, kesho kutwa sinema, leo steringi kesho dada wa mtu na hakuna anayeona ameshushwa cheo. Yeye kaongoza muvi pia, ya kwanza ni ya 2004.

We anza na Festen, kisha hiyo ya Bier, halafu umalizie na Applaus ya 2009, humo ni steringi mwanzo mwisho, mwigizaji mlevi anayetaka kurudi kwa watoto wake. Ukishaziona niandikie tena, nataka nijue Marie umemwonaje.