Maswali ya Waandishi: Siku Mbili Zisizo na Mwezi

SWALI: Ndugu Mhariri, shikamoo. Ninaandika riwaya ya kifantasia kuhusu nchi ya wavuvi na wakulima yenye miezi miwili angani. Mwezi mkubwa hupevuka kila baada ya siku 26, mdogo kila baada ya siku 40, na mwaka una siku 340. Nimeugawa mwaka katika miezi 13 ya siku 26, lakini zinabaki siku mbili ambazo sijui nizipeleke wapi. Tena rafiki aliyesoma mswada anasema majina ya miezi niliyoyatunga hayamkai kichwani. Je, nibadilishe urefu wa mwaka ili hesabu itimie? (Msomaji, Tanga)

JIBU: Marahaba. Usibadilishe chochote, kwa sababu siku hizo mbili ndizo zitakazoifanya kalenda yako ionekane imetumiwa na watu. Hakuna mahali duniani ambapo mwezi na jua vimekubaliana kwa hesabu kamili, na kila jamii iliyopanga kalenda imelazimika kuamua ni nani kati ya hao wawili atakayevumilia hasara.

Kalenda ya Kiislamu imeufuata mwezi mwandamo peke yake, hivyo mwaka wake una siku 354 au 355, na Ramadhani huzunguka majira yote katika muda wa miaka kama 33. Wayahudi nao hufuata mwezi, lakini huongeza mwezi mzima mara saba katika kila miaka 19 ili Pasaka yao isiache majira ya kuchipua. Mwaka wa Kiswahili, ule unaoanza siku ya Nairuzi na ambao watu wa Makunduchi huupokea kwa Mwaka Kogwa kila Julai, umeuacha mwezi kabisa: siku zake 365 huhesabiwa kwa miongo, yaani makumi, na miongo 36 ikishatimia zinabaki siku tano pembeni. Kwa kuwa hauna siku ya nyongeza kila baada ya miaka minne, nao husogea polepole, lakini kwa mkulima anayetaka kujua lini apande, au nahodha anayengoja kusi, siku moja katika miaka minne si hoja.

Sasa rudi kwenye nchi yako. Wavuvi wakishikilia mwezi mkubwa bila kuongeza kitu, mwaka wao utakuwa wa siku 338 na utatangulia majira kwa siku mbili kila mwaka, na baada ya miaka 13 utakuwa umetangulia kwa mwezi mzima. Wakulima hawatakubali, kwa maana sherehe ya mavuno itaangukia wakati mtama ungali mbichi. Wakulima basi wataziweka siku mbili nje ya miezi yote, na hapo ndipo mwandishi anapopata kazi: je, mtu aliyezaliwa katika siku hizo ana mwezi gani wa kuzaliwa? Deni linaloiva siku hiyo hulipwa lini? Mimi ningeziacha pande hizo mbili zigombane, kila upande na kalenda yake, na karani wa forodha akilazimika kuandika tarehe mbili katika kila hati.

Kuna jambo ambalo pengine hukuliona katika tarakimu zako mwenyewe. Miezi yako miwili hupevuka pamoja kila baada ya siku 520, na kupevuka kwa pamoja hurudi kwenye siku ileile ya mwaka kila baada ya miaka 26. Usiku huo ndio wa bamvua kubwa kuliko zote, bahari ikipanda hadi kwenye nyumba za pwani. Bibi aliyeiona akiwa na miaka sita ikifika siku ya mwaka mpya ataiona tena siku hiyohiyo akiwa na miaka 32, kisha 58, na akijaliwa, 84. Hapo huhitaji jedwali tena, unaye bibi.

Kuhusu majina, rafiki yako ana haki. Waswahili walipoipa miezi ya Kiislamu majina yao, hawakujisumbua: baada ya mfungo wa Ramadhani walihesabu Mfunguo Mosi, Mfunguo Pili, hadi Mfunguo Tisa, kisha wakaendelea na Rajabu, Shaabani na Ramadhani. Jambo moja kubwa ndilo lililoubeba mwaka mzima. Wafaransa wa mapinduzi waliopitisha kalenda mpya mwaka 1793 walitumia hali ya hewa, wakawa na mwezi wa ukungu na mwezi wa theluji, na majina hayo yalipofika kwenye kisiwa chao cha Réunion, katika Bahari ya Hindi, mwezi wa theluji uliangukia katikati ya joto. Kalenda hiyo iliachwa mwanzoni mwa 1806. Kosa kama hilo, likifanywa kwa makusudi na watawala wa kigeni katika riwaya yako, litasema mengi kuliko kurasa tatu za historia.

Na tarehe zenyewe zitaje kwa uchache. Badala ya kuandika siku ya nne ya mwezi fulani, andika kwamba mkopo wa ngalawa ulitakiwa kulipwa kabla mwezi mdogo haujapevuka, na kwamba mwenye ngalawa alikuwa akiutazama kila jioni ukinenepa.

SWALI: Je, ni lazima siku ya dunia ya kubuni ianze usiku wa manane? (Msomaji, Mombasa)

JIBU: Hapana, na wewe unajua, kwa kuwa kwetu saa moja ni saa ya kwanza baada ya kuchwa au kuchomoza kwa jua, na siku ya Kiislamu huanza magharibi. Angalia tu nchi yenyewe iko wapi. Kuhesabu saa kwa jua kunafaa karibu na ikweta, ambako mchana na usiku karibu vinalingana mwaka mzima. Ukiipeleka nchi yako kaskazini ya mbali, saa moja ya asubuhi itakuwa ikihamahama kila wiki, na mtu wa kwanza kulalamika atakuwa mwokaji mikate.