M1A Standard au National Match: tazama kwanza umbali unaolenga

SWALI: Fundi, habari za kazi. Ninaishi Columbus, Ohio, na tangu mwaka jana nimejiunga na klabu ya kulenga shabaha. Nimeipenda M1A, ile bunduki ya raia iliyotokana na M14 ya jeshi la Marekani. Dukani Standard inauzwa kama dola 1,800, National Match kama 2,500, na Super Match inakaribia 3,000. Muuzaji ananiambia hizo za bei ya juu zina chuma imara zaidi. Ni kweli? Na kama nia yangu ni kushindana Camp Perry, ule uwanja wa kulenga shabaha kando ya Ziwa Erie hapa Ohio, ninunue ipi?

JIBU: Ndugu yangu, nzuri, na asante kwa swali. Nianze na hilo la chuma, maana limewatoa wengi pesa bure. Si kweli. Mwili wa M1A, yaani kipande kinachobeba bolti na kushika mtutu, umetengenezwa kwa kusubu (chuma kilichoyeyushwa na kumiminwa kwenye kalibu), iwe ni Standard au hiyo ya dola 3,000. Baadhi ya Super Match huongezewa kishikio cha nyuma ili mwili ukae imara zaidi kwenye mbao inayobeba bunduki, lakini chuma ni kilekile. M14 halisi, iliyopitishwa na jeshi mwaka 1957, ndiyo iliyokuwa na mwili wa kufuliwa, yaani chuma cha moto kilichogongwa hadi kupata umbo. Kampuni ya Springfield Armory ya Illinois, inayouza M1A tangu 1974, ilichukua tu jina la kiwanda cha serikali cha Massachusetts kilichofungwa 1968. Anayetaka mwili wa kufuliwa aende kwa watengenezaji kama LRB Arms, na alipie zaidi. Mimi sikushauri, kwa sababu mwili wa kusubu uliotengenezwa vizuri utachakaza mitutu kadhaa kabla wenyewe haujachoka.

Basi zile dola 700 za ziada zinakwenda wapi? Zinakwenda kwenye jinsi vipande vinavyoshikana. Ishike Standard mkononi, ukamate pale mbele kwenye silinda ya gesi, uitikise kidogo. Mara nyingi utasikia kitu kinacheza. Kila risasi inapotoka, vipande hivyo vinarudi mahali tofauti kidogo na vilipokuwa, na mtutu unatetemeka kwa namna nyingine. Kwenye National Match, silinda ya gesi na bamba lake la mbele vimeunganishwa kuwa kitu kimoja. Mtutu ni mnene zaidi. Kizuia mwako kimepanuliwa ndani ili risasi isikiguse inapopita. Triga imesuguliwa ivutike safi kwa ratili 4.5 hadi 5, 4.5 ndicho kiwango cha chini kinachokubaliwa kwenye mashindano ya bunduki za kijeshi. Na kubwa kuliko yote, chuma kimelazwa ndani ya mbao kwa gundi ngumu ya epoksi, kikakaa bila kupumua hata unywele.

Vilengeo navyo si vile vile. Kwenye Standard, kila mlio wa gurudumu la kilengeo cha nyuma unasogeza mahali risasi inapogonga kwa dakika moja ya pembe, yaani sehemu moja ya sitini ya digrii. Vya National Match vinakupa nusu dakika, na tundu la kuchungulia ni dogo zaidi.

Sasa tupige hesabu, maana hapo ndipo jibu lako lilipo. Dakika moja ni kama sentimita 5.3 kwenye yadi 200, na sentimita 16 kwenye yadi 600. Standard nzuri, kwa risasi nzuri, nimezoea kuiona ikikusanya matundu ndani ya dakika 2 hadi 3. Kwenye yadi 200, duara la pointi 10 lina upana wa inchi 7, karibu sentimita 18. Hata bunduki ya dakika 3 itaingiza risasi zote humo, kwa sababu kundi lake ni sentimita 16. Ukikosa, umekosa wewe. Lakini kwenye yadi 600 duara hilo lina inchi 12, kama sentimita 30, na kundi la dakika 2 tu limeshafika sentimita 32. Hapo hata ukilenga bila kosa, bunduki yenyewe itakunyang'anya pointi, na upepo wa Ziwa Erie haujaanza kazi yake.

Kwa hiyo, kama unakwenda Camp Perry kwa mashindano ya yadi 200, nunua Standard, na zile dola 700 uzipeleke kwenye risasi. Kama moyo wako uko kwenye yadi 600, nunua National Match moja kwa moja. Usinunue Standard ukidhani utaipandisha daraja polepole. Kazi hizo nazifanya mwenyewe, na ukijumlisha mtutu, vilengeo, triga na kulaza kwa epoksi, fundi yeyote atakutoza kupita tofauti ya bei ya dukani. Super Match iache kwanza. Mtutu wake mzito ni mzuri sana, ila mkono wa kushoto utaujua uzito huo unapolenga umesimama.

Jambo ambalo wauzaji hawalisemi: ile epoksi inataka heshima. Usiitoe bunduki kwenye mbao kila unaposafisha, na usiimwagie dawa ya kusafishia mtutu. Ikilegea, itabidi ilazwe upya. Na kwa kuwa M1A husafishwa kutokea mdomoni mwa mtutu, tumia kilinda mdomo ili fimbo isikwaruze pale risasi inapoagia mtutu.

Kuhusu risasi, kwa zote tatu, chagua vichwa vya greni 168 au 175 (greni ni kipimo cha uzito wa kichwa cha risasi). Kama unajaza maganda mwenyewe, baruti za IMR 4895 na 4064 ndizo zinazoendana na mfumo wake wa gesi. Baruti ya kuungua polepole na vichwa vizito kupita hapo huisukuma fimbo inayoendesha bolti kwa nguvu isiyostahili, na inaweza kupinda.

Na hili nakuomba ulishike. Pini ya kupigia ya M1A haina springi ya kuizuia. Ukidondosha risasi moja kwa mkono ndani ya chemba kisha ukaachia bolti ijifunge kwa kishindo, pini inaweza kuigonga fataki, kile kidude cha kuwashia baruti kwenye kitako cha ganda, na risasi ikatoka bila triga kuguswa. Hata pale unapopiga moja moja, ipakie risasi hiyo kwenye magazini, bolti iichukue kutoka humo. Na maganda uliyojaza mwenyewe, pitisha kidole juu ya kila fataki: lazima iwe imezama chini kidogo ya kitako cha ganda.

Ukishachagua, niandikie unapiga risasi gani, tupange kilengeo chako cha yadi 200 na 300.