Kuchungulia stetasi za watu nayo ni elimu?

SWALI: Shikamoo dada. Mi niko mwaka wa pili chuo nasoma anthropolojia, ile elimu ya watu na namna wanavyoishi, nimechagua kufanya utafiti kuhusu stetasi za WhatsApp na vile watu wanavyozitumia kila siku. Mjomba anayenilipia ada kasikia, akasema hajanipeleka chuo nikakae kwenye simu kuchungulia maisha ya watu, na wenzangu nao wananicheka eti ni umbea wenye cheti. Kweli hii mada ni ya kisomi au nitafute nyingine mapema? Alafu kama inafaa naifanyaje, maana skrinshoti nimekusanya nyingi tu ila naona hazisemi kitu. – Msomaji, mwaka wa pili

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Usibadilishe mada. Hilo la skrinshoti kutosema kitu ndo limenifanya nikujibu we kwanza, maana jambo lenyewe umeshalishika.

Chukulia dada mmoja asubuhi kaweka stetasi kaandika "Mungu anaona" na kaemoji kanakolia, watu 80 wameitazama. Ukiisoma we kwenye simu yako utaandika ni mambo ya dini, au huzuni. Ila mdogo wake anayelala naye chumba kimoja anajua jana usiku wifi yao kawasema vibaya, na hiyo stetasi ni kijembe cha mtu mmoja tu, hao 79 waliobaki ni mashahidi. Sasa hilo hulipati kwa kuskroli hata ukeshe, linapatikana kwa kukaa na watu, na kukaa na watu ndo kazi ya mwanaanthropolojia toka zamani.

Mjomba mwambie hivi: mwaka 2012 Daniel Miller wa University College London na wenzake, jumla wanaanthropolojia 9, walianza utafiti wa mitandao ya kijamii, na kila mmoja akaenda kuishi miezi 15 na jamii moja, kuna waliokwenda Brazil, Chile, India, Italia, Trinidad, Uingereza, Uturuki na wawili China. Vitabu vyao vilianza kutoka 2016 na vinapakuliwa bure kabisa, vitafute.

Mmoja wao, Nell Haynes, alikuwa Alto Hospicio, kaskazini mwa Chile. Huko akakuta watu wanaposti picha za miguu yao tu, mtu kajinyoosha anaangalia tivii kapiga miguu kaposti. Ukiwa mbali utasema huyu hana cha kuposti, ila pale kujikweza mbele ya wenzako hakupendezi, kwa iyo ile miguu inasema mi mtu wa kawaida kama nyie, nimepumzika zangu. Naye Xinyuan Wang aliishi China na vijana waliotoka vijijini kwenda kufanya kazi viwandani, vyumba vyao vya hovyo ila kwenye simu wameweka maisha mazuri wanayoyataka, na yeye akaona hawa wamehama mara mbili, kwanza kutoka kijijini kwenda kiwandani alafu kutoka hapo kuingia mtandaoni. Hapo huwa naguswa sana, kwa sababu sisi wepesi mno kusema fulani anafeki maisha, hatujiulizi hayo maisha ya kwenye simu yanamsaidia kuyavumilia yapi.

Sasa we huna miezi 15. Chukua watu 10 au 12 tu, wanaokuamini, ukae nao wakiwa na simu mkononi. Usiulize kwa nini umeposti, watakujibu "basi tu". Muulize alitaka nani aione, na nani kamficha asiione, maana WhatsApp inamruhusu mtu kuchagua nani asione stetasi yake na hiyo orodha ya waliofichwa inaweza kukuonyesha ukoo na mapenzi na madeni yake kuliko posti zake zote. Muulize pia ile aliyoiweka akaifuta baada ya dakika 5 ilikuwaje.

Ila ruhusa mdogo wangu, ruhusa. Stetasi inapotea yenyewe baada ya saa 24 na mwenyewe kaiweka kwa watu wa kwenye simu yake, hakuiweka kwa ajili ya utafiti wako. Hizo skrinshoti ulizokwisha kukusanya rudi kwa wenyewe uwaombe, asiyetaka futa ya kwake leo leo. Na majina ukiyabadilisha badilisha na vitu vingine vinavyomtambulisha mtu, maana watu wanaofahamiana wanatambuana hata kwa neno moja.

Alafu anza na mjomba. Muombe akuonyeshe grupu la familia, zile picha za maua za "asubuhi njema" anazotuma kila siku hata kama hakuna anayejibu, umuulize anazituma kwa nini na siku asipotuma inakuwaje. Pengine atakwambia kuna mtu humo akikosa ua la asubuhi anapiga simu kuuliza kama yuko mzima.