Kugawanya kwa sehemu kwenye mafumbo: jiulize "robo tatu ya nini?"

Mkuu mleta uzi, umesema "geuza ya pili, zidisha" unaijua kama jina lako, ila likija fumbo la maneno hujui ugawanye nini kwa nini, na jibu likizidi namba uliyoanza nayo unalifuta. Nilikuwa hivyohivyo mpaka ubao uliponisuta.

Ubao ulikuwa wa mita 5, nami nilitaka vipande vya robo tatu ya mita nitengeneze rafu. Nikapiga hesabu: 5 ÷ 3/4 = 5 × 4/3 = 20/3, yaani 6 na 2/3. Nikajiambia vitatoka vipande 6, na kitabaki kibao cha theluthi mbili za mita, kama sm 67 hivi, kina kazi yake. Nikakata vyote 6, nikaweka tepu kwenye kilichobaki: sm 50, tena pungufu kidogo kwa kile kinacholiwa na msumeno. Nilirudia hesabu mara tatu. Kugawanya nilikuwa nimegawanya sawasawa. Jibu ndilo sikulisoma. Ile 2/3 haikuwa ya mita, ilikuwa ya kipande. Na theluthi mbili za robo tatu ni nusu.

Siku hizi kwenye mafumbo ya aina hiyo sigeuzi kitu. Nabadilisha vyote viwe robo. Mita 5 ni robo 20, kipande kimoja kinakula robo 3. Ishirini kwa tatu ni 6, baki 2. Robo mbili zimebaki, nusu mita, kwisha. Asili (namba za chini) zikitofautiana, zifanye zifanane kwanza, kisha gawanya viasi (namba za juu) tu.

Hapo utaona pia kwa nini jibu linakua. Kipande ni kifupi kuliko mita, sasa vipande vitaachaje kuwa vingi kuliko mita?

Lugha nayo inatuponza. "Gawanya 6 kwa nusu" ni 12, kwa sababu unauliza nusu ngapi zimo ndani ya 6. "Gawanya 6 nusu kwa nusu" ni 3. Masikioni karibu ni kitu kimoja, na nimeona watu wazima wakibishana kwa hilo bila kujua kila mmoja anajibu swali lake.

Sasa lile fumbo lako: pampu inajaza 2/3 ya tangi kwa 3/4 ya saa, itajaza kiasi gani kwa saa nzima? Hapa "zimo ngapi" haisaidii, ndiyo maana ulikwama. Jaribu kwanza na namba nyepesi: ingejaza matangi 6 kwa saa 2, ungesema 3 kwa saa bila kufikiri, maana umegawanya matangi kwa saa. Basi na hapa ni hivyohivyo, 2/3 ÷ 3/4. Tembea nayo taratibu: robo tatu za saa zimejaza 2/3, kwa hiyo robo moja ya saa inajaza theluthi ya hiyo, 2/9. Saa ina robo 4, basi 8/9. Umegawanya kwa 3, ukazidisha kwa 4. Ile 3/4 imejigeuza yenyewe kuwa 4/3 mbele ya macho yako, na hakuna mtu aliyekuamrisha uigeuze.

Wewe uliandika 9/8 ukaambiwa umekosa. Usiitupe, mkuu. Umegawanya saa kwa tangi, kwa hiyo umepata muda wa kujaza tangi zima: saa 1 na 1/8, yaani saa moja na dakika 7 na nusu. Hesabu yako ni safi kabisa, ila ni jibu la swali ambalo hukuulizwa.